Gari limekamatwa na pombe ya magendo Tunduma

Pole sana, ndugu yangu. Unauliza kama Noah yako, iliyokamatwa ikitoka Tunduma na katoni za pombe kali za magendo kutoka Zambia, itarudi, maana dereva alibeba bila wewe kujua.

Kwanza acha kuzunguka ofisini ukiomba kwa mdomo. Sheria ya Forodha ya Afrika Mashariki ya 2004 inakupa mwezi 1 tu, tangu gari likamatwe au tangu upewe notisi, kumwandikia Kamishna wa Forodha kwamba unaidai mali yako. Ukikaa kimya, gari linahesabika limetaifishwa, na linaweza kuuzwa. Andika leo, nakala yako igongwe muhuri. Humo humo omba uachiwe gari kwa dhamana ya thamani yake wakati shauri linaendelea. Kamishna anaruhusiwa, ingawa halazimiki. Ambatisha kadi ya gari na mkataba wa dereva. (Kama mlikubaliana kwa mdomo tu, kama wengi wetu hapa Mbeya, tafuta mashahidi wanaojua anakuletea hesabu.)

Ukiletewa karatasi ya kuyamaliza nje ya mahakama, usisaini kabla wakili hajaisoma. Ndani yake unakiri kosa.

Hizo katoni, sahau.