Kidonda cha mzee hakiumi, hospitali ya nini?

SWALI: Habari dokta. Niko Busia, upande wetu wa Uganda. Baba ana sukari, huu mwaka wa 9. Juzi juzi nimeona damu kwenye mkeka nikafuata nyayo, kumbe ni yeye, msumari umetoboa lugabire yake (kandambili ya tairi) ukamwingia chini ya dole gumba na alikuwa anatembea nao tangu asubuhi sokoni mpaka nyumbani! Sasa pana shimo linatoa maji, anapaka majivu, anasema haliumi kwa hiyo hospitali ya nini. Tumwache tu? Binti, Busia

JIBU: Binti yangu, hilo "haliumi" limenitisha kuliko msumari. Sukari ikikaa juu miaka mingi inaharibu mishipa ya fahamu, unyayo unakufa ganzi, na mishipa ya damu nayo inaweza kuwa imeziba, basi kidonda kinakosa damu ya kukiponya. Mpeleke leo, usingoje siku ya kliniki. Waangalie kama kimefika mfupani, washike mapigo ya damu mguuni, wapime sukari, na waulize sindano ya pepopunda alichoma lini. Nyama iliyokufa itaondolewa, antibayotiki atapewa kama kuna maambukizi. Majivu acheni kabisa.

Halafu kuna kosa naliona kila mara, bandeji inabadilishwa vizuri kila siku lakini mgonjwa anakikanyaga kidonda kilekile kwenda sokoni, sasa kitapona saa ngapi? Uzito lazima utoke pale, kwa plasta ngumu kama ya mfupa uliovunjika, au kiatu maalum, waulize wana nini. Na hata ile safari ya chooni inahesabika, mwambie mzee.

Mguu ukivimba, ukipata joto, ukinuka, ukianza kuwa mweusi, au akipata homa, usiku huohuo tafuta gari. Kwa ngozi yetu wekundu hauonekani haraka, gusa na mgongo wa mkono ulinganishe na mguu wa pili.

Kikipona bado kazi ipo, maana katika watu 10 waliopona, kama 4 kinawarudia ndani ya mwaka 1. Lugabire hata mimi nazipenda, ni ngumu hazichakai, lakini yeye sasa anataka kiatu kilichofunika vidole na soksi, na kabla hajavaa ingiza mkono ndani upapase. Kila jioni angalia nyayo zake na katikati ya vidole. Maji ya kuoga jaribu wewe, sio mguu wake. Sugu asikate na wembe.

Na ile lugabire yenye msumari mmeitupa, au bado anaivaa?