Mkasi wa Lotte

Mwanangu mpendwa,

Umeniuliza kama utajiharibia jina ukikubali kutengeneza matangazo ya sabuni na vipindi vya watoto vya televisheni, ilhali unachotaka ni filamu yako ndefu ya katuni. Wenzako wanakuambia mshika mbili moja humponyoka. Mimi nasema kubali, na nitakueleza habari za Lotte Reiniger, Mjerumani mtengenezaji wa filamu za vivuli ninayempenda sana.

Alizaliwa Berlin mwaka 1899. Akiwa msichana katika shule ya maigizo ya Max Reinhardt, alikuwa akikata sura za waigizaji katika karatasi kwa mkasi ili wakubwa wamwone. Mwigizaji na mtengenezaji filamu Paul Wegener akamwona, na mwaka 1918 akampa kazi ya kupamba vibao vya maandishi katika filamu yake. Kazi ndogo kabisa! Baadaye akatengeneza hata tangazo la Nivea. Kisha tajiri wa benki, Louis Hagen, akampa nafasi juu ya gereji yake huko Potsdam. Humo, tangu 1923 hadi 1926, Lotte, mumewe Carl Koch na wenzao wachache walitengeneza filamu ndefu ya vivuli ya Mwanamfalme Achmed, iliyotoka katika zile zile Alfu Lela Ulela alizokusimulia bibi yako. Vikaragosi vilikatwa katika karatasi ngumu na bati jembamba la risasi, viungo vikashikwa kwa waya, vikalazwa juu ya kioo chenye taa chini yake. Anasogeza mkono kidogo, picha inapigwa. Anausogeza tena, inapigwa nyingine. Miaka 3 mwanangu! Filamu ndefu ya kwanza ya katuni ya Walt Disney ilitoka mwaka 1937, miaka 11 baada ya hii ya Lotte.

Wanazi walipotawala, yeye na mumewe walihangaika nchi hii na ile, mpaka wakahamia London mwaka 1949. Huko mtoto wa yule tajiri alishiriki kuanzisha kampuni ya Primrose, na Lotte akaitengenezea ngano fupi za televisheni, za watoto kama hizo unazoziogopa wewe. Ile ya mshonaji mdogo shujaa ilipata tuzo Venice mwaka 1955. Miaka ya 1970, bibi wa zaidi ya miaka 70, alikuwa Kanada akitengeneza filamu nyingine ya vivuli.

Waambie wenzako kwamba huyu hakushika mbili. Katika tangazo, sinema na televisheni alishika mkasi ule ule, na ukitazama kivuli kimoja tu unajua ni mkono wake.

Ninachokiogopa mimi ni hao wenye matangazo na vipindi kukupa wahusika waliokwisha kuchorwa, wewe ukabaki kuwasogeza tu kwenye kompyuta. Hilo likataeni mapema, wewe na mwenzako. Sisitiza mchore wenyewe, na mkataba useme michoro inabaki yenu. Kisha fedha ya sabuni iwekwe kando kwa ajili ya filamu. Baba yako anataka kujua lini mtasaini. Niandikie kabla, nisome huo mkataba.

Mama yako