Kaunti haijakulipa? Usianze na mandamus

Ndugu, umeuliza kama unaweza kwenda moja kwa moja Mahakama Kuu ya Kenya, upate mandamus (amri ya mahakama ya kumlazimisha afisa wa umma kutimiza wajibu wake) dhidi ya kaunti isiyolipa kandarasi yako ya barabara. Bado. Mandamus hulazimisha kulipa deni lililokwisha kuthibitishwa. Haiamui kama kweli unadai.

Fungua kwanza kesi ya madai, kabla miaka 3 haijapita. Ambatisha mkataba, cheti cha kukamilika kwa kazi, ripoti ya kamati ya ukaguzi na ankara yenye muhuri wa kupokelewa. (Mkataba ukiwa na kifungu cha usuluhishi, anzia huko.)

Ukishinda, usimtume dalali wa mahakama: kifungu cha 21 cha Sheria ya Kesi za Serikali kinakataza kukamata mali ya serikali, na kaunti zimo. Siku 21 zikipita tangu hukumu, omba cheti cha amri dhidi ya serikali (hati ya mahakama inayotaja kiasi unachopaswa kulipwa), kisha kikabidhi kwa kaunti, upate saini ya kupokelewa. Wengi huangukia hapa: wanapeleka hukumu bila cheti, ombi linatupwa.

Kaunti isipolipa hata baada ya cheti, ndipo uombe mandamus. Humo mtaje afisa mhasibu anayeidhinisha malipo, kwa cheo chake. Akipuuza amri, omba aitwe kujibu shtaka la kudharau mahakama. Hilo humgusa yeye binafsi.