Je, ni lazima kuwa bingwa ili kupata kadi ya gofu ya kulipwa?

SWALI: Ndugu Mhariri, nimesikia kuwa mchezaji wa gofu anaweza kuingia PGA Tour, yaani ziara (mfululizo wa mashindano) kuu ya gofu ya kulipwa ya Marekani, kupitia mashindano ya mchujo. Je, ni bingwa peke yake anayefuzu?

JIBU: La, si bingwa peke yake. Mchujo huo, ulioanza mwaka 1965, huendeshwa kwa hatua kadhaa, na hatua ya mwisho huwa na raundi nne, yaani mashimo 72. Kuanzia 2013 hadi 2022 waliofuzu walipelekwa kwanza katika ziara ya daraja la pili, jambo ambalo binafsi naona liliupunguzia mchujo ladha yake. Uliporejeshewa hadhi mwaka 2023, walioshika nafasi tano za juu, pamoja na waliolingana nao kwa mikwaju, walipata moja kwa moja kadi, yaani haki ya kucheza PGA Tour. Ulaya fainali ni ndefu zaidi: raundi sita, mashimo 108. Hapo mpira uliobaki futi nne tu kutoka shimoni, ambao siku nyingine mchezaji angeutumbukiza huku akipiga soga, ukipita pembeni katika shimo la mwisho, unaweza kumrudisha katika ziara ndogo kwa msimu mzima.