Shule ya samba ni nini hasa?
Ndugu aliyeuliza kama shule ya samba ni chuo cha kufundishia kucheza ngoma, jibu ni hapana: ni chama cha mtaa nchini Brazil, kinachoandamana kwa muziki na ngoma ya samba wakati wa sherehe za kanivali, chenye wapigaji, watunzi, mafundi cherehani na wazee wake. Chukua Mangueira ya Rio de Janeiro, ambayo jina lake kwa Kireno ni mwembe, iliyoanzishwa kilimani mwaka 1928 na mtunzi wa samba Cartola na wenzake, watu wa kipato cha chini, na ambayo mwaka 1932 ilishinda shindano la kwanza la shule hizo. Ngoma yake kubwa, surdo, hutoa pigo moja zito lisilojibiwa na surdo ya pili, tofauti na shule nyingine, hata mwenye sikio huitambua kabla hajaona rangi zake za kijani na waridi. Linalonigusa zaidi ni kina mama wakongwe waitwao baiana, ambao huzunguka kwa sketi pana mno, na ambao kundi lao ni la lazima katika maandamano ya kanivali ya kila shule kubwa. Mwaka 1987 mwimbaji Alcione aliwaanzishia watoto shule yao, Mangueira do Amanhã, nayo huwaandaa kurithi ngoma hiyo.