Kahawa yangu ina harufu ya uchachu: niivundike kwa saa ngapi?

SWALI: Mtaalamu, habari za kazi. Nalima kahawa aina ya arabika huku Mbozi, na msimu huu nimemenya kahawa mwenyewe nyumbani. Niliambiwa niivundike siku mbili, nikafanya hivyo hivyo. Nilipoipeleka kupimwa ikashushwa daraja, wakasema inanuka uchachu. Je, siku mbili ni nyingi?

JIBU: Nzuri, ndugu yangu. Zinaweza kuwa nyingi, na mahali pengine zikawa chache, ndiyo maana mimi simtajii mkulima saa bila kumuuliza hali ya hewa. Tunavundika ili kuondoa ule utelezi unaobaki kwenye punje baada ya kumenya. Vijidudu ndivyo vinavyoumeng'enya, na kasi yao hufuata joto. Kukiwa na joto, saa 12 hadi 24 zinaweza kutosha. Juni na Julai huko kwenu, baridi ikikaza, saa 36 zinaweza kupita na kahawa bado inateleza. Utelezi ukiisha nawe ukaiacha humo humo, uchachu unaingia kwenye punje, na hautoki tena.

Kwa hiyo pima kwa mkono. Chota punje chache, zisuuze kwa maji safi, kisha zisugue kiganjani. Zikikwaruza kama changarawe, zimeiva, zikiponyoka, bado. Au chomeka kijiti katikati ya kahawa ukichomoe: tundu likibaki wazi, osha mara moja, hata kama ni usiku wa manane. Muda wa kuiva ukikaribia, kagua kila baada ya saa chache.

Lakini usilaumu muda peke yake. Fungua mashine yako ya kumenya uchungulie ndani. Punje za jana zilizonasa humo huoza, kesho zinachanganyika na kahawa mpya, na chache tu zinatosha kuharibu ladha ya kikombe. Ioshe kila jioni. Pia menya siku ile ile uliyochuma, matunda mekundu tu. Yaliyolala kwenye gunia huanza kuchacha kabla hayajafika kwenye pipa la kuvundikia.

Baada ya kuosha, anika kwenye kichanja, si chini, kwa tabaka jembamba. Igeuze mara kwa mara, funika jua la mchana likiwa kali ili ganda lisipasuke, na ufunike usiku. Unyevu ukishuka hadi asilimia 11 au 12, iweke stoo.

Ukiwa na ndugu Karagwe akakuambia yeye havundiki chochote, hakudanganyi: robusta, aina nyingine ya kahawa inayolimwa huko Kagera, kwa sehemu kubwa huanikwa tunda zima bila kumenywa.

Hiyo iliyokwisha kunuka, iuze peke yake kwa bei utakayopata. Usiichanganye na ya mchumo ujao ukidhani harufu itapotea.