Maswali ya Wasomaji: Mkataba wa onyesho la chumbani

SWALI: Mhariri, nimeigiza jukwaani hapa Kisumu na sasa nimepata nafasi kubwa katika filamu. Ina onyesho la chumbani. Mtayarishaji anasema nitatia sahihi siku ya kupiga picha. Nachelea yasije yakanipata ya Maria Schneider, mwigizaji Mfaransa ambaye watu wanamkumbuka kwa filamu moja. Nifanyeje?
Msomaji, Kondele

JIBU: Usitie sahihi siku hiyo. Kamera zikiwa tayari na wafanyakazi wakingoja, ukisita wewe ndiwe mkaidi. Dai mkataba na muswada mzima wa filamu, si kurasa zako pekee, angalau wiki moja kabla.

Schneider alikuwa na miaka 19 walipopiga Last Tango in Paris, iliyotoka 1972. Muswada alikuwa nao. Kilichomuumiza ni kisichokuwamo: matumizi ya siagi katika onyesho la kubakwa, wazo ambalo mwigizaji mwenzake Marlon Brando na mwongozaji Bernardo Bertolucci walilipanga bila kumpa habari mapema. Tendo lenyewe lilikuwa la kuigiza, machozi hayakuwa. Mwaka 2007 alieleza kwamba angepaswa kumwita wakala au wakili wake, ila wakati ule hakujua kwamba mtu halazimishwi kufanya lisilo kwenye muswada. Mwaka 1975 alicheza na Jack Nicholson katika The Passenger, kazi nzuri sana, lakini ni wachache wanaoitaja.

Basi mkataba wako uwe na kiambatisho cha onyesho hilo peke yake. Kieleze hatua kwa hatua nani anagusa wapi, sehemu gani za mwili zitaonekana, utavaa nini chini ya shuka, na kina nani watakuwamo chumbani. Mwongozaji, mpiga picha, wa sauti na wa mavazi wanatosha; simu zote zibaki nje, maana picha huweza kuvuja kupitia simu. Fanyeni mazoezi mkiwa mmevaa nguo kamili. Andikeni pia kwamba onyesho halitatumika kwenye trela wala bango bila idhini yako ya maandishi, na kwamba vipande visivyotumika vitafutwa. Hapo kwenye trela ndipo wengi huponzwa: sekunde chache zikishasambaa, filamu yenyewe haitazamwi.

Ukisikia “tutaongeza kidogo tukifika seti”, jibu ni karatasi mpya na sahihi mpya. Kila ukurasa utiwe sahihi na pande zote mbili, nawe ubaki na nakala. Uliza pia kama mtayarishaji ana leseni ya kupiga filamu. Asiye nayo hata mkataba wake ni wa kutiliwa shaka.

SWALI: Je, filamu ikipigwa marufuku mwigizaji ndiyo kwisha?
Msomaji, Nakuru

JIBU: La. Filamu iitwayo Rafiki, ya mwongozaji Wanuri Kahiu, ilipigwa marufuku Kenya Aprili 2018, ikaonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwezi uliofuata, na Septemba Mahakama Kuu ikairuhusu kwa siku 7, watu wazima tu. Mwaka 2019 mwigizaji wake Samantha Mugatsia alitwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye FESPACO, tamasha la filamu za Afrika mjini Ouagadougou, kwa filamu hiyo hiyo.